Don Ramón ni mali ya nani? Safari ya Ramón Valdés katika filamu na televisheni ya Meksiko

Anadaiwa kodi ya miezi 14, na deni hilo halipungui wala haliongezeki, miaka nenda miaka rudi. Mwenye nyumba ni bwana mnene mwenye mkoba. Kila akija kudai, kabla hajafungua mdomo anapokea pigo la bahati mbaya kutoka kwa mtoto anayejificha ndani ya pipa. Mdaiwa mwenyewe anachungulia mlangoni, anamwona, anarudi ndani kimyakimya. Ni mwembamba kama ufito, masharubu yamemshuka, amevaa fulana nyeusi, suruali ya jinzi na kofia ya kitambaa iliyokwisha umbo. Jina lake Don Ramón.

Aliyemwigiza ni Ramón Valdés, na kipindi ni El Chavo del Ocho, kichekesho cha televisheni ya Meksiko kilichoanza mwaka 1971. Huku kwetu hakikuvuma. Kilichotufikia sisi kutoka Meksiko ni tamthilia za mapenzi zilizoingizwa sauti za Kiingereza, zile zilizowafanya watu wawahi kurudi nyumbani jioni. Lakini katika Amerika yote inayosema Kihispania, na Brazili inayosema Kireno, uso wa Don Ramón umechorwa kutani, umechapwa kwenye fulana, na umechanjwa kwenye mikono ya vijana waliozaliwa yeye akiwa ameshazikwa.

Sijui mfano mzuri kuliko wake wa kuelezea jambo linalowachanganya wengi: mwigizaji asiye stelingi anaishije, kazi yake hasa ni ipi, na akishampa mhusika uso wake, sauti yake na mwendo wake, mhusika huyo anakuwa wa nani.

Stelingi na wengine wote

Tuliokulia kwenye vibanda vya video tunaijua kanuni: stelingi hafi. Picha nzima imejengwa kumzunguka yeye. Wengine wote, yaani jambazi, baba mkali, jirani mbea, dereva wa teksi anayesema maneno manne na kutoweka, wapo ili stelingi apate mtu wa kupigana naye, wa kumpenda au wa kumcheka. Miongoni mwa hao wengine kuna watu ambao hiyo ndiyo fani yao ya maisha. Hawangojei kupandishwa cheo. Wanajua kumjenga mtu kamili kwa dakika tatu, na mwongozaji anawaita kwa sababu hiyo. Meksiko wanawaita waigizaji wa "reparto", maana yake wale wanaogawiwa nafasi zilizobaki.

Kwenye tamthilia za Kimeksiko hadhi zao zinaonekana tangu majina yanapoanza kupita. Wanatangulia wapenzi wawili, vijana wazuri. Inafuata orodha ndefu. Mwishoni kabisa, pengine peke yake kwenye kioo, linatokea jina lililotanguliwa na maneno "primer actor", mwigizaji wa kwanza. Mtazamaji asiyejua anaweza kudhani ndiye stelingi. La hasha. Ni cheo cha heshima wanachopewa wakongwe, watu wa aina ya Ignacio López Tarso, aliyekuwa mhusika mkuu wa Macario ya mwaka 1960, filamu ya kwanza ya Meksiko kuteuliwa kugombea Oscar ya filamu za lugha za kigeni. Uzeeni aliendelea kuonekana kwenye tamthilia. Kwa hiyo jina la mwisho ni kubwa, ingawa mwenye jina huenda akaonekana dakika chache tu.

Ramón Valdés hakuwa stelingi, na hata cheo hicho cha wakongwe hakikuwa chake. Alikuwa kwenye ile orodha ndefu ya katikati.

Mdogo wake Tin-Tan

Alizaliwa Mexico City mwanzoni mwa miaka ya 1920, akakulia Ciudad Juárez, mji unaotazamana na El Paso ya Marekani, mto katikati. Kaka yake Germán alianzia huko kwenye redio ya XEJ, akaja kujulikana kama Tin-Tan: kijana wa mpakani mwenye suti pana na kofia yenye unyoya, anayechanganya Kihispania na Kiingereza katika sentensi moja. Mtu wa Nairobi atamwelewa upesi akikumbuka Sheng. Walinzi wa lugha walikasirika. Watu wa kawaida walimpenda.

Tin-Tan alipoingia kwenye filamu aliingia na ukoo wake. Hilo lilikuwa jambo la kawaida katika sinema ya Meksiko ya wakati ule, ambayo ilikuwa kiwanda hasa: mwaka 1950 pekee zilitengenezwa filamu zaidi ya 100. Kiwanda cha namna hiyo hakina muda wa kumtafuta mtu mpya kwa kila nafasi. Kinahitaji kikosi kinachojuana. Cha Tin-Tan kilikuwa na mwongozaji Gilberto Martínez Solares, mwandishi Juan García aliyekuwa pia akiigiza, Marcelo Chávez mpiga gitaa, Vitola aliyekuwa mrefu na mwembamba kupita kiasi, Tun Tun aliyekuwa mfupi kupita kiasi, Wolf Ruvinskis aliyetoka kwenye mieleka. Na wadogo zake.

Ramón alianza katika Calabacitas tiernas ya mwaka 1949. Mwaka uliofuata, katika El rey del barrio, ambamo Tin-Tan ni mkuu wa genge anayejifanya mfanyakazi wa reli huku akiwaibia matajiri na kuwagawia majirani, Ramón ni mmoja wa genge. Ukiitazama leo macho yanamwendea kila mara. Hafanyi kitu kikubwa. Anasimama nyuma, mabega yamelegea, anamsikiliza mkubwa wake akitoa amri, na uso wake unaonyesha kwamba ameelewa nusu. Hiyo nusu ndiyo fani yenyewe.

Hivyo ndivyo miaka ishirini ilivyopita. Filamu zake zilizidi 50, na karibu zote anaonekana kwa muda mfupi: jambazi wa pili, mlinzi, mlevi, mtu wa mtaani. Tuzo ya Ariel, ambayo ndiyo heshima ya juu ya filamu nchini humo, haikufika kwake. Kwa sehemu kubwa ya miaka hiyo haikumfikia mtu yeyote, kwani ilisimamishwa baada ya 1958 hadi 1972. Kilichoisimamisha ndicho kilichokuwa kikiwanyima waigizaji kama yeye chakula: sinema ilikuwa imedhoofika, studio kadhaa zimefungwa mwishoni mwa miaka ya 1950, na watazamaji wanahamia sebuleni.

Televisheni ilivyobadili mkate

Matangazo ya kawaida ya televisheni yalianza Meksiko mwaka 1950. Mwaka 1958 ikaja Senda prohibida, tamthilia ya kwanza ya kila siku, Silvia Derbez akiwa mbele. Kwa mwigizaji wa pembeni mabadiliko haya yalikuwa makubwa kuliko yanavyoonekana kwenye historia za nyota. Filamu ilimpa siku mbili tatu za kazi, kisha arudi kungoja. Tamthilia inaweza kumpa kazi ya miezi.

Lakini mkate huo una masharti yake. Tamthilia hurekodiwa kwa kasi kubwa, na kwa miaka mingi studio za Meksiko zimetumia kifaa kidogo cha sikioni, ambacho wenyewe hukiita njegere: mtu aliye chumba kingine anamsomea mwigizaji maneno yake, na yeye anayarudia papo hapo. Ukiona mhusika anatulia kidogo, macho yakiwa mbali, kabla ya kutamka maneno mazito ya mapenzi, yawezekana anasikiliza. Waliotoka jukwaani, waliozoea kulala na maandishi chini ya mto, ilibidi wajifunze upya. Wengine waligeukia kuingiza sauti. Hata Tin-Tan mwenyewe ndiye sauti ya Kihispania ya dubu Baloo katika filamu ya katuni ya Disney ya mwaka 1967.

Ramón aliokolewa na mwandishi. Roberto Gómez Bolaños, kwa jina la kazi Chespirito, alikuwa akiwaandikia wachekeshaji Viruta na Capulina tangu miaka ya 1950. Mwaka 1968 chaneli mpya, Chaneli 8, ilimpa dakika chache za kwake mwenyewe, naye akaweka mezani watu wanne waliojifanya mabingwa wa kujibu maswali ya watazamaji. Mmoja ni "Ingeniebrio" Ramón Valdés, neno lililounganisha mhandisi na mlevi. Tangu hapo, miaka mitatu kabla ya El Chavo del Ocho kuanza, mhusika wake alikuwa tayari anaitwa kwa jina lake halisi. Tuliweke akilini.

Mtu ambaye kila kamba imefungwa kwake

El Chavo del Ocho inafanyika katika "vecindad", nyumba ya wapangaji ya aina ambayo mtu wa Magomeni au Majengo hahitaji kuelezwa: vyumba vinatazamana, uwanja ni wa wote, karo la kufulia ni la wote, na siri si ya mtu. Mhusika anayetajwa kwenye jina la kipindi ni mtoto yatima, aliyeigizwa na Gómez Bolaños akiwa na umri wa zaidi ya miaka 40. Jina la "wa Nane" lilitokana na ile Chaneli 8.

Ukikaa ukachora mistari ya nani anagombana na nani, unagundua kwamba mistari mingi inapita kwa Don Ramón. Señor Barriga anamdai kodi. Doña Florinda, mjane mwenye majivuno, anamzaba kofi kila mwanawe Quico akilia, awe amemgusa au hajamgusa. Doña Clotilde, ambaye watoto wanamwita mchawi, anampenda na kumletea keki. La Chilindrina ni binti yake, anamlea bila mama. Na yule mtoto wa pipani, ambaye hata jina lake hawezi kulitamka sawasawa, anamwita "Ron Damón", ndiye anayepokea hasira zake zote.

Tazama kofi lenyewe. Don Ramón anazungushwa nalo. Florinda anaondoka na mwanawe, akimwonya asichangamane na watu duni. Don Ramón anabaki ameshika shavu, anavua kofia, anaitupa chini, anaikanyagakanyaga kwa miguu yote miwili. Mtoto anakuja na swali la kumhusu nyanya yake Don Ramón, na swali hilo ndilo linalomletea konzi. Ni mwendo uleule mamia ya mara, na kila mara Valdés anaufanya kana kwamba ndiyo mara ya kwanza dunia inamwonea. Mshangao ule usiochakaa, kwa maoni yangu, ni kazi ngumu kuliko machozi yote ya tamthilia za jioni. Gómez Bolaños alitaka maneno yake yasemwe kama yalivyoandikwa. Kilichobaki kuwa cha mwigizaji ni mabega, pumzi, na muda wa kungoja kabla ya kugeuka.

Na umaskini wake haukuwa wa kuigiza kwa mbali. Don Ramón anauza baluni, anapiga picha, anatengeneza viatu, anakata nywele, anapasua mbao. Kila kipindi kazi mpya, kila kazi inaharibika. Waandishi wengi wa vichekesho wangemfanya mvivu tu. Huyu anasema hapendi kazi, kisha unamwona anafanya kazi. Watazamaji wa Lima, Bogotá na São Paulo walimtambua mara moja, maana walikuwa naye nyumbani.

Mtu anaweza kusema: basi hakuwa akiigiza, alikuwa yeye mwenyewe, hata nguo zilikuwa kama zake. Hapo ndipo ninapobisha. Kipindi pacha, El Chapulín Colorado, kilirekodiwa na watu walewale. Humo Valdés ni Tripaseca, jambazi wa mjini. Ni Rascabuches, mnyang'anyi wa farasi na bastola. Ni Alma Negra, nahodha wa maharamia. Ni Super Sam, shujaa wa Kimarekani anayebeba mfuko wa dola na kuja kusaidia hata asipoitwa. Miaka ishirini ya kuwa jambazi wa pili kwenye filamu za kaka yake ilikuwa imemwachia ghala zima la watu. Kuwa "yeye mwenyewe" mbele ya kamera lilikuwa mojawapo ya mambo aliyojua kufanya, na pengine lililomgharimu muda mrefu zaidi kujifunza.

Kipindi cha nusu saa kilianza mwaka 1973. Mwaka huohuo, Juni, Tin-Tan alifariki. Yule mdogo aliyesimama nyuma katika filamu za kaka yake alikuwa sasa anakaribia umri wa miaka 50, na ndipo nchi kwa nchi zilipoanza kumjua kwa sura.

Uso, mhusika, mkanda

Carlos Villagrán, aliyeigiza Quico, aliondoka mwaka 1978. Valdés alifuata mwaka 1979. Alirudi kwa muda mfupi mwaka 1981, akaondoka tena, na mwaka 1982 alikuwa Venezuela na Villagrán katika kipindi kiitwacho Federrico. Hapa ndipo swali la mali linapoanza kuuma.

Watu husema "kipindi ni cha nani?" kana kwamba ni kitu kimoja. Ni vitu vitatu. Kuna mkanda, yaani picha zilizorekodiwa: hizo ni za kampuni, iliyopata jina la Televisa mwaka 1973, baada ya kampuni mbili za awali kuungana. Kuna mhusika, yaani jina, mavazi, tabia na maneno yake ya kila siku: huyo ni wa mwandishi aliyemwandikisha. Na kuna uso, ambao ni wa mwigizaji na unaondoka naye akitoka mlangoni.

Sheria ya hakimiliki ya Meksiko ya mwaka 1996 inatenganisha mambo haya waziwazi. Mwandishi ana haki ya mwandishi. Mwigizaji ana zile ziitwazo haki jirani, juu ya uigizaji wake uliorekodiwa, na chama cha waigizaji cha kukusanya mirabaha kipo kwa ajili hiyo. Halafu kuna kitu cha tatu kisichojulikana sana: mtu anaweza kuandikisha matumizi ya pekee ya mhusika, hata mhusika anayeishi kwenye mwili wa mwigizaji, kwa cheti cha miaka mitano ambacho lazima kihuishwe. Usipokihuisha, mlango uko wazi.

Ndiyo maana historia za waigizaji watatu wa kipindi hiki hazifanani. Villagrán, ili aendelee na mashavu yake ya kuvimba nje ya kipindi, alilazimika kuandika Kiko badala ya Quico: herufi zilibadilika, mashavu hayakubadilika. María Antonieta de las Nieves, aliyemwigiza La Chilindrina, alimwandikisha mhusika huyo kwa jina lake mwenyewe katika miaka ya 1990, akashtakiwa na Gómez Bolaños, na baada ya miaka mingi ya kesi mhusika akabaki kwake. Valdés hakuhitaji kupigania herufi wala cheti. Jina la Ramón alipewa na wazazi wake, masharubu yalikuwa yake, na sehemu kubwa ya yule mhusika ilikuwa mwendo wake wa siku zote. Kokote alikokwenda na fulana yake, watu walimwona Don Ramón.

Kipindi nacho hakikumtafuta mwingine wa kuvaa kofia ile. Aliongezwa Jaimito, tarishi mzee asiyetaka kuchoka, kazi ya Raúl "Chato" Padilla. Alikuja nyanya yake Don Ramón kudaiwa kodi mahali pa mjukuu wake, akiigizwa na de las Nieves mwenyewe. Mkahawa wa Doña Florinda ukachukua nafasi ya uwanja katika vipindi vingi. Ukivitazama kwa mpangilio unaona watu watatu wanne na jengo zima wakijaribu kuziba pengo la mtu mmoja mwembamba. Mwandishi ndiye aliyemiliki mhusika, lakini hakuweza kumtumia.

Upande wa mkanda ulikuwa na nguvu zake. Brazili, kituo cha SBT kilianza kuonyesha kipindi mwaka 1984, Don Ramón akaitwa Seu Madruga, akapewa sauti na Carlos Seidl, na kwa kizazi kizima cha Wabrazili hiyo ndiyo sauti yake. Mhusika akaongea lugha ambayo mwigizaji wake hakuitumia kazini, katika nchi iliyomzidishia mapenzi baada ya kifo chake. Kisha mwishoni mwa Julai 2020, vipindi vyote vilitoweka kwenye televisheni duniani, kwa sababu wenye wahusika, yaani familia ya Gómez Bolaños, na wenye mikanda, yaani Televisa, hawakukubaliana. Vilirudi Septemba 2024. Kwa miaka minne nyuso za marehemu zilifungiwa, na katika mazungumzo yale wenye nyuso hawakuwa na kiti.

Njia nyingine

Ili tusidhani kwamba televisheni ndiyo mwisho pekee wa fani hii, kuna Ernesto Gómez Cruz, mzaliwa wa Veracruz mwaka 1933. Naye si kijana mzuri wa bango. Alitokea katika Los Caifanes mwaka 1967, kisha kwa miongo minne waongozaji wakubwa wa Meksiko walimwita walipohitaji mtu mwenye uzito: Canoa ya Felipe Cazals, El callejón de los milagros ya Jorge Fons, El infierno ya Luis Estrada. Mara moja moja alipewa nafasi ya mbele, na kwa El imperio de la fortuna ya Arturo Ripstein akachukua Ariel ya mwigizaji bora. Mwaka 2014 alitunukiwa Ariel ya Dhahabu kwa kazi ya maisha. Alifariki Aprili 2024.

Huyu alipata heshima ya wenzake, na mtoto wa Bogotá asingemtambua barabarani. Valdés alitambuliwa kila barabara, na tuzo hakuziona. Fani ni ileile. Tofauti ilitokana na nani aliyepiga simu, mwaka gani, na chaneli ipi.

Kazi ya mwisho ya Valdés ilikuwa ¡Ah qué Kiko!, tena pamoja na Villagrán, ambamo anaigiza mwenye duka. Saratani iliyoanzia tumboni ilikuwa imeshamkondesha zaidi ya alivyokuwa amezoeleka, na ukitazama vipindi vile unaona anasimama nyuma ya kaunta, anaongea kidogo, anaacha vijana wazunguke. Amezikwa Mausoleos del Ángel, Mexico City. Angelines Fernández, Mhispania aliyeigiza Doña Clotilde, aliyepita kwenye filamu kama yeye kabla ya televisheni kumpa kofia ya mchawi, alifariki Machi 1994 naye akalazwa kwenye makaburi hayohayo. Watu huwaletea maua wote wawili.